Fonti ya panki inaonekana feki? Uchafu ni wa karatasi, sio wa herufi

"Shikamoo mwalimu. Nimepewa kazi ya bango la bendi ya vijana, muziki wao ni wa gitaa na kelele, wanataka ule mwonekano wa panki wa zamani, herufi chafu zilizochorwa kwa mkono. Kichwa cha bango ni TUNATAKA KUSIKIKA. Nimedaunilodi fonti kama kumi na mbili za aina hiyo, nikachagua yenye mikwaruzo mingi kuliko zote nikaiweka kila mahali, kichwa, majina ya wanabendi, tarehe, mpaka namba ya simu. Bendi wanasema inaonekana feki, kama tangazo la sinema ya mizimu. Mchapaji wa tisheti naye kalirudisha faili, anasema ni zito na mikwaruzo haitatoka. Nikiongeza mikwaruzo inazidi kuharibika, nikipunguza inakuwa kawaida tu. Nakosea wapi? Na hizi fonti za bure naruhusiwa kuzitumia kwenye kazi ya kulipwa?"

Marahaba mdogo wangu. Swali lako nimelisoma mara mbili, naona ni maswali matatu umeyafunga mzigo mmoja: kwa nini inaonekana feki, kwa nini haichapiki, na kama ni halali. La kwanza ndo kubwa, ukilielewa hilo la pili linajijibu karibu lote, kwa hiyo nitakaa hapo sana na mengine nitayapitia.

Kwanza niondoe dhana moja. Wewe unaona tatizo ni kiasi cha mikwaruzo, ndo maana unaongeza unapunguza kama mtu anayeonja chumvi. Kiasi sio tatizo. Tatizo ni kwamba mikwaruzo ya fonti yako haina ilikotoka, na macho ya watu yanaligundua hilo haraka sana, hata watu wasiojua chochote kuhusu dizaini, ndo maana bendi wamekwambia ni feki lakini wakashindwa kukuonyesha kwa kidole ni wapi.

Turudi ilikoanzia panki, yani ule muziki wa roki wa haraka na wa kelele. London ya mwaka 1976 na 1977, kijana anayetaka kutoa kijarida cha muziki au bango la bendi hana kompyuta, na kumlipa mtu wa kupanga herufi kiwandani ni pesa ambayo hana. Alichonacho ni taipureta, makapeni, mkasi, gundi, magazeti ya zamani, na mashine ya fotokopi ya ofisi fulani. Mark Perry alianzisha kijarida chake cha Sniffin' Glue mwaka 1976 kwa vitu hivyohivyo, maandishi ya taipureta na vichwa vya makapeni. Msanii Jamie Reid aliwatengenezea bendi ya Sex Pistols ule mwonekano wa barua ya mtekaji nyara, herufi zimekatwa magazetini zikabandikwa moja moja, na mpaka leo ukitaja panki watu wengi ndo picha inayowajia. Bendi ya Crass wao walipenda stenseli, yani karatasi ngumu iliyokatwa matundu ya herufi, na rangi ya kupuliza.

Sasa angalia kila kifaa kinachafua vipi. Makapeni, wino unajikusanya pale mkono unaposimama, kwa hiyo mwanzo na mwisho wa mstari unakuwa mnene, na makapeni inayokaribia kukauka inaacha michirizi ya weupe pale mkono ulipoenda kasi, sio kwingine. Stenseli, katikati ya O au A lazima kuwe na vidaraja la sivyo kipande cha ndani kinadondoka, ndo maana herufi zina mapengo, na rangi inapenya chini ya ukingo pale tu karatasi ilipoinuka. Letraset, zile herufi za kusugua ili zihamie kwenye karatasi, ukisugua vibaya zinapasuka, na kila karatasi ina idadi maalumu ya kila herufi, zikiisha unaunga kwa kugeuza nyingine au unachora kwa mkono. Halafu fotokopi, hiyo ndo mchafuzi mkuu. Mashine inanasa unga mweusi kwa umeme tuli halafu inauyeyushia kwenye karatasi kwa joto, rangi za kijivu zinapotea kinabaki cheusi na cheupe, na mashine za zamani zilikuwa haziwezi kujaza eneo kubwa jeusi kwa sababu nguvu ya umeme ilikuwa kali kwenye kingo kuliko katikati, kwa hiyo herufi nene ilitoka ukingo mweusi tii na tumbo limepauka. Ukitoa kopi ya kopi, halafu kopi ya hiyo tena, vumbi la kwenye kioo na kivuli cha kikaratasi kilichobandikwa vinaongezeka kila mzunguko.

Kwa hiyo kila doa lilikuwa na sababu yake. Na kuna kitu kingine ambacho nataka ukishike kuliko vyote nitakavyosema leo: uchafu wa fotokopi ulikuwa wa karatasi nzima, haukuwa wa herufi. Doa lilipita juu ya kichwa cha habari likaingia kwenye picha likaishia pembeni kabisa mahali ambapo hapana maandishi yoyote. Herufi na picha na nafasi tupu vilichafuka pamoja, siku moja, kwenye mashine moja.

Fonti inafanya kinyume chake. Ndani ya faili la fonti ya kawaida kila herufi ina umbo moja, watu wa fonti wanaliita glifu, ukibonyeza A mara nne unaletewa A ileile mara nne, ufa uleule, doa lilelile, mahali palepale. Kwenye fonti safi huo ndo uzuri wake, kwenye fonti chafu ndo unaokuchongea, maana ajali haiwezi kutokea mara nne sawasawa. Hebu hesabu kichwa chako. TUNATAKA KUSIKIKA ina herufi 16, A ziko nne, K ziko nne, yani nusu ya kichwa kizima ni herufi mbili tu zinajirudia na kila moja imebeba kovu lilelile. Hapo hata ungeongeza mikwaruzo mara kumi ungekuwa unaongeza idadi ya makovu yanayofanana.

Na hili linatuuma zaidi sisi tunaoandika Kiswahili. Maneno yetu karibu kila silabi inaishia na irabu, A ndo imejaa kuliko zote, wakati fonti nyingi za namna hii aliyezitengeneza alizijaribu kwa maneno ya Kiingereza ambako A tatu kwenye neno moja ni nadra. Hata nafasi kati ya herufi, kerningi, ni hivyohivyo. Angalia hapo kati kwenye TUNATAKA, ile ATA: T iko wazi chini, A iko wazi juu, aliyetengeneza fonti asipozisogeza unabaki na mashimo mawili katikati ya neno, na sisi TA, KA, VA, WA, YA ndo chakula chetu cha kila siku. Kwa hiyo kichwa usikiache kama kilivyotoka, sogeza herufi mbili mbili kwa mkono mpaka weupe wa kati ulingane kwa macho. Halafu kama jina lolote lina ng' ya ng'ara au ng'oa jaribu kwanza hicho kialama cha juu, fonti nyingi za bure hazina, kompyuta inakuchomekea cha fonti nyingine na kinaonekana mgeni pale.

Tatizo la kujirudia watengeneza fonti wanalijua zamani. Erik van Blokland na Just van Rossum wa Uholanzi walitoa Beowolf mwaka 1990, kingo za herufi zake zilikuwa zinavurugwa kwa bahati nasibu wakati wa kuchapa, kwa hiyo kila A ilitoka tofauti na mwenzake. Siku hizi njia ni tulivu zaidi, fonti nzuri ya OpenType, aina ya faili la fonti la siku hizi, inabeba A tatu au nne na sheria ndani yake ya kuzibadilisha zenyewe zikikaribiana, ila hakikisha kwenye programu yako hiyo sehemu ya herufi mbadala imewashwa, nimeona watu wamenunua fonti ya maana na bado wanatumia A moja. Fonti nyingine za bei rahisi zinaficha herufi kubwa ya pili kwenye kitufe cha herufi ndogo. Jaribu kuandika TuNaTAkA uone kama kuna kitu kinabadilika.

Ukikuta ziko mbili tu kuna mbinu naipenda sana. Geuza maandishi yawe maumbo halafu zipindue herufi. A, T, U, M, H, I, O, V, W na Y ukizigeuza kulia iwe kushoto kama kwenye kioo bado zinasomeka, ila ufa umehamia upande wa pili. K, E, B, C na D unazipindua juu iwe chini. N, S na Z unazizungusha nusu duara. Kwa hiyo A mbili za fonti ukizigeuza unapata A nne tofauti, K mbili unapata nne, na kichwa chako kinahitaji nne na nne, imekutosha kabisa. Kuna herufi zitakazokaa kichwa kikubwa kiuno kidogo, S na K na B hasa, kwa mtindo huu wala sio kosa. Ila kama fonti yako inaiga kalamu yenye mistari minene na myembamba usiigeuze A, upande mnene utakaa pasipo pake na jicho litagoma.

Kosa la pili linalokupa hiyo sura ya sinema ya mizimu ni ukubwa wa uchafu. Umetumia fonti ileile kwenye kichwa na kwenye tarehe, kwa hiyo ukipunguza herufi unapunguza na doa lake, kichwa kina nyufa pana kama kidole na chini yake tarehe ina nyufa ndogondogo, kana kwamba kila mstari ulichakaa kwenye dunia yake. Kwenye karatasi iliyopita kwenye fotokopi chembe za uchafu zina ukubwa mmoja popote pale, juu ya herufi ya sentimita kumi na juu ya herufi ya milimita tatu. Uchafu unaofuata ukubwa wa herufi unasema waziwazi kwamba ulipakwa.

Sasa ufanyeje. Ungekuwa umekaa hapa karibu yangu ningekwambia kichwa usikitafute kwenye fonti kabisa. Ni maneno mawili. Chukua karatasi za kawaida na makapeni mbili, moja mpya moja inayokaribia kuisha, andika TUNATAKA KUSIKIKA mara ishirini, haraka, bila kurekebisha, herufi zisizidi sentimita mbili au tatu. Nakwambia uandike kidogo kwa sababu ukikuza, kingo za wino na nyuzi za karatasi zinakuzwa pia, na hapo ndo ule ukali unapotoka wenyewe. Zile tano sita za mwanzo zitakuwa na woga, mkono unajaribu kuandika vizuri. Kuanzia ya kumi hivi mkono unachoka kujipendekeza. Chagua TUNATAKA kutoka karatasi moja na KUSIKIKA kutoka nyingine ukitaka, kata kwa mkasi, bandika, acha kivuli cha ukingo kibaki. Skani kwa doti 1200 kwa inchi, maana ukikuza mara tano bado una doti 240, na kwa mchoro mweusi na mweupe wa bango linalotazamwa kwa mbali zinatosha.

Halafu panga bango lote likiwa safi, kichwa chako, picha, mistari, kila kitu isipokuwa maandishi madogo. Liprinti kwenye karatasi ya kawaida, litoe fotokopi mara mbili au tatu, sogeza kidogo wakati mashine inasoma kama unataka, likunje ulikunjue, kisha skani na uigeuze picha iwe nyeusi tupu na nyeupe tupu. Uchafu umeingia mara moja kwa ukurasa mzima. Mashine za sasa ni safi mno, kwa hiyo ongeza weusi kwenye mipangilio au uanze na kopi ndogo uliyoikuza. Kama huna fotokopi skana peke yake inaweza, inachukua muda zaidi tu. Ukifika hapo hata fonti ya kununuliwa itaanza kuonekana ya kweli, kwa sababu doa moja sasa linavuka kutoka kwenye A kwenda kwenye K.

Maandishi madogo ndo unayarudisha mwisho, juu ya uchafu wote, kwa fonti safi. Najua utaona ni kusaliti mtindo. Sio. Vile vijarida vya 1976 vilipiga habari kwa taipureta kwa sababu mtu alitakiwa asome, ajue bendi inapiga wapi na saa ngapi, waliovitengeneza walikuwa na jambo la kusema na walitaka lisikike. Kwa hiyo chagua fonti ya taipureta au fonti nene isiyo na vijiguu, vile vimistari vya kwenye ncha za herufi, weka tarehe, mahali, namba ya simu, basi. Namba ya simu hasa, tafadhali. Kwenye fonti ya mikwaruzo 3 na 8 zinafanana, 1 na 7 zinafanana, na kwenye namba msomaji hawezi kubahatisha kwa maana ya sentensi kama anavyofanya kwenye neno. Bango likienda mtandaoni, mwongozo wa WCAG, ule wa kufanya kurasa za mtandaoni zisomeke na watu wote, unataka maandishi ya kawaida yawe na utofauti wa rangi usiopungua 4.5 kwa 1 na makubwa 3 kwa 1. Nyekundu kali kabisa juu ya nyeupe inafika kama 4 tu, kwa hiyo ni ya kichwa, tarehe iandike kwa nyeusi.

Kwa mchapaji wako wa tisheti, huyo mtu amekusaidia sana kulirudisha faili. Fanya hesabu hii: ufa ambao ni asilimia tatu ya urefu wa herufi, kwenye herufi ya sentimita 20 ni milimita 6, unaonekana vizuri. Kwenye herufi ya milimita 3, ambayo ndo urefu wa herufi kubwa kwenye maandishi ya pointi 12 hivi, ufa huohuo ni chini ya sehemu moja ya kumi ya milimita. Uchapaji wa skrini unapitisha wino kwenye matundu ya kitambaa, na wino ukifika kwenye pamba unatanuka kidogo, kwa hiyo hako kaufa kanafungwa kabisa, na chembe nyeusi ndogo kama hiyo haishiki, inatoka siku ya kwanza ya kufua au haitoki kwenye skrini kabisa. Kwenye tisheti mimi huwa sishuki chini ya nusu milimita, iwe mstari au pengo. Kazi yangu ya kwanza ya tisheti nilipeleka herufi zenye vumbi zuri sana kwenye kioo cha kompyuta, zikarudi zimejaa weusi kama zimepakwa lami, na kosa lilikuwa langu kwa sababu sikuomba jaribio la tisheti moja kabla ya kuchapa zote.

Uzito wa faili unatoka kwenye kubadilisha mikwaruzo iwe vekta, yani mchoro unaojengwa kwa pointi na mistari. Programu inafuata kila kichembe inaweka pointi, unapata pointi laki na zaidi kwenye kichwa kimoja na mashine ya mchapaji inakwama. Una njia mbili, upunguze pointi kwa kufuta vyote vilivyo chini ya hiyo nusu milimita, au usitumie vekta kabisa, mpelekee picha ya rangi moja, nyeusi tupu na nyeupe tupu isiyo na kijivu, kwa ukubwa halisi na doti 1200. Faili la namna hiyo linabanika sana na halina cha kuikwamisha mashine. Muulize tu anapendelea lipi.

Kuhusu leseni. Fonti "ya bure" mara nyingi ni ya bure kwa matumizi binafsi tu, fungua kale kafaili ka maandishi kanakokuja nayo usome. Kazi umelipwa, tisheti zinauzwa, hayo ni matumizi ya biashara hata kama bendi ni ndogo na nyie ni marafiki. Kugeuza herufi kuwa maumbo hakufuti leseni, hilo watu wanadanganyana sana. Na leseni za bango, za tovuti na za bidhaa za kuuza mara nyingine zinatengwa. Zile zenye leseni ya SIL Open Font, ambayo ni leseni huria ya fonti, unaweza kuzitumia kibiashara bila wasiwasi, au umwandikie mwenye fonti, wengi ni mtu mmoja tu anajibu barua pepe na bei yake ni ya kibinadamu. Na jina la bendi wakitaka kulisajili kama alama ya biashara, hapo nenda kwa mwanasheria wa mambo ya haki miliki wa kwenu, sheria za maumbo ya herufi zinatofautiana nchi na nchi na mimi sio mtu wa kukuamulia.

Niseme ukweli pia kwamba njia ya mkono haifai kila mahali. Kama bendi wanataka matangazo mapya kila wiki na maneno yanabadilika huwezi kuandika mara ishirini kila mara, hapo nunua fonti moja nzuri yenye herufi mbadala, au zile karatasi zako ishirini uzifanye fonti yako mwenyewe kwenye FontForge, ni programu ya bure, weka A nne na K nne tangu mwanzo. Na kama umejaribu siku mbili na mkono wako bado unatoa herufi za daftari la shule, mlipe mchora mabango akuandikie maneno hayo mawili. Ni kazi ya saa moja kwake, kaa naye umwangalie mkono unavyokwenda.

Kabla hujachapa yote, chukua kipande cha bango chenye nusu ya kichwa, mstari wa tarehe na namba ya simu, kwa ukubwa wake halisi, pamoja na faili la tisheti, uende mwenyewe kwa mchapaji. Mwombe atoe tisheti moja ya jaribio kwa wino na kitambaa kilekile kitakachotumika, na umuulize ni pengo dogo kiasi gani skrini zake zinashika. Hicho kipande cha bango kibandike ukutani urudi nyuma hatua kumi. Ukiweza kusoma tarehe na namba ya simu kutoka hapo, mwambie aendelee.